Maswali ya Wasomaji: Yule Mzungu wa Picha za Kihindi ni Nani?

SWALI: Shikamoo mzee. Mimi ni mpenzi wa picha za Kihindi tangu mtoto na mpaka leo zile za zamani ndo zangu. Kuna mzungu mmoja nywele za dhahabu macho ya bluu, namkuta kila mahali, hapa ni kapteni wa jeshi la Mwingereza, kule daktari, kwingine bosi wa majambazi, hamalizi hata robo saa kwenye skrini ameshaondoka, ila Kihindi anachoongea ni cha mtu aliyezaliwa nacho. Mume wangu anasema ile sauti siyo yake, kawekewa studio. Mi nakataa. Tunaomba utuamulie, huyu mtu ni nani na sauti ni ya nani?

JIBU: Marahaba mwanangu. Umeshinda wewe, sauti ni yake mwenyewe, ila mumeo naye usimcheke manake ana sababu ya kushuku, nitafika hapo.

Huyo ni Tom Alter, kwa kirefu Thomas Beach Alter, na ulivyosema kazaliwa nacho ndo hivyo hivyo, kazaliwa nacho kweli. Alizaliwa tarehe 22 Juni 1950 Mussoorie, mji wa milimani huko kaskazini mwa India. Babu na bibi yake walikuwa Wamarekani wa Ohio, wamisionari wa Presbyterian, waliingia India mwaka 1916 wakaenda kukaa Lahore, baba yake Tom akazaliwa Sialkot, halafu ikaja 1947 nchi ikagawanywa na familia nayo ikagawanyika hivyo hivyo, wazee wakabaki upande ambao sasa ni Pakistan na wazazi wa Tom wakawa upande wa India. Kwa hiyo sura ni ya mzungu sawa, ila pale ni kizazi cha tatu. Baba yake alikuwa mwalimu, nyumbani alikuwa akiwasomea Biblia kwa Kiurdu, kwa hiyo huyu mtoto Kiurdu hakukikuta kwenye kitabu cha kujifunzia lugha, alikikuta mezani kwao.

Sasa hilo la studio. Kwa miaka mingi sana picha za Mumbai zilikuwa zinapigwa bila kutegemea sauti ya palepale, kelele za mashine na watu zilikuwa nyingi, kwa hiyo baadaye kila aktor anaitwa studio anaangalia midomo yake kwenye skrini na kusema upya maneno yote, ndo dabingi yenyewe. Na kweli wapo waliokuwa wakiwekewa sauti za watu wengine, hasa wageni na hasa wasichana ambao Kihindi chao hakijanyooka. Mpaka ilipokuja picha ya Lagaan mwaka 2001 wakarekodi sauti papo hapo kwenye seti, likaonekana jambo kubwa. Kwa hiyo mumeo kusikia mzungu anaongea vile akadhani kuna mtu nyuma ya pazia, ni akili ya kawaida kabisa. Lakini kwa Tom hapana, aliingia kibanda cha sauti mwenyewe, na hata mkisikiliza hivi hivi mtajua, zile kha na ghaini za Kiurdu ambazo waigizaji wengi wa Kihindi wenyewe huzilainisha, yeye anazitoa koo zima.

Mkitaka kuumaliza ubishi jioni moja tafuteni Shatranj Ke Khilari ya mwaka 1977, ya Satyajit Ray. Kisa ni Lucknow mwaka 1856, kampuni ya Waingereza inataka kumnyang'anya nawabu ufalme wake wa Awadh. Nawabu mwenyewe kachezwa na Amjad Khan, yule yule jambazi Gabbar wa Sholay, hutaamini ni yeye. Kuna sini ofisini kwa Jenerali Outram, ambaye kachezwa na Richard Attenborough, jenerali ana taarifa mkononi ya saa kwa saa mfalme kafanya nini jana, kasali, kasikiliza mwimbaji mpya, karusha tiara, kalala kidogo, kasoma shairi. Anamuuliza msaidizi wake Kapteni Weston, huyu mfalme ni mtu gani hasa? Weston ndo Tom. Anajibu kwa adabu ya kijeshi mpaka anapoulizwa kuhusu mashairi, na hapo mwangalie uso, anasoma beti za mfalme kwa Kiurdu kutoka kichwani na uso wote unafunguka, kasahau kabisa yuko mbele ya bosi, halafu bosi hajaelewa anataka aambiwe kwa Kiingereza, Weston anamwambia, na jenerali anabaki mkavu. Ukiangalia hapo unamwona kijana anarudi taratibu ndani ya sare yake. Jenerali anaanza kumshuku, huyu ofisa wangu anawapenda mno hawa watu. Sini nzima ni watu wawili wanaongea chumbani, hakuna ngumi hakuna muziki, na mimi naiona ni moja ya kazi bora za mwigizaji mdogo nilizowahi kuziona kwenye sinema yoyote ile, kwa sababu ule mvutano wote wa ile picha, yaani anayeijua nchi na anayekuja kuichukua, umebebwa na yeye peke yake kwa dakika chache.

SWALI: Mzee habari za kazi. Yule mzungu mwenye mwili mkubwa anayepigwa na sanamu ya Hanuman kwenye Mr. India, ndo huyo huyo Tom Alter au mwingine? Tumebishana sana kijiweni.

JIBU: Mwingine kabisa. Huyo ni Bob Christo, Mwaustralia wa Sydney, na kazi aliyosomea ni uhandisi wa ujenzi. Watu wengi wanawachanganya kwa sababu miaka ile ukiona mzungu kwenye picha la Kihindi ni mmoja wa hao wawili, ila ukiwaweka pamoja hawafanani hata kidogo, Tom ni mwembamba, mtu wa maneno, Bob ni pande la mtu.

Ile sini uliyoitaja ya 1987 wengi tunaikumbuka, Bob ni mwizi wa vitu vya kale anaingia kuchukua sanamu ya dhahabu, steringi Anil Kapoor ana kile kifaa cha kumfanya asionekane, anainyanyua sanamu na kumtwanga nayo, Bob anachokiona yeye ni mungu kapaa hewani anampiga. Sasa jaribuni kuifikiria kazi ya yule mwigizaji. Kwenye skrini hakuna mtu anayempiga. Ile sanamu kila inapomgusa lazima kichwa kiende upande wake, macho yafuate kitu kinachoelea, mwili mzito ule uanguke kwa mpangilio na bado watoto wacheke, kwa hiyo ile vurugu yote kaitengeneza yeye na mwili wake, sisi tulikuwa tunamshangilia Anil Kapoor ambaye hata haonekani.

Alivyofika India ni kisa cha peke yake. Kwa maelezo yake mwenyewe alikuwa Bombay miaka ya 70 anasubiri kibali cha kwenda kufanya kazi Oman, akaona picha ya heroini Parveen Babi kwenye jalada la gazeti la Time, la mwaka 1976 hilo, akataka kumwona kwa macho. Akakutana na watu wa kamera wakampeleka seti ya The Burning Train, dada wa watu akaja hajajipaka chochote, jamaa akamwambia wewe siyo Parveen Babi, akatoa na gazeti kumwonyesha, dada akacheka sana. Kwenye Oman hakwenda tena. Sanjay Khan akampa nafasi kwenye Abdullah ya 1980, akaendelea na Qurbani, Kaalia, Disco Dancer, Mard, orodha ndefu, karibu zote ni adui au mlinzi wa adui, na karibu zote anapigwa. Kazi tofauti kidogo aliipata kwenye televisheni, The Great Maratha, alicheza Ahmad Shah Abdali yule mfalme wa Waafghani. Mwishoni alihamia Bangalore akawa anafundisha yoga, akafariki huko tarehe 20 Machi 2011.

SWALI: Nimekusoma kwenye toleo lililopita ukimsifia huyu Alter kwa mistari miwili nikashangaa. Mtu kacheza miaka arobaini, kila picha dakika tano, kila mara ofisa wa Mwingereza, hajawahi kuwa steringi wa maana. Kama angekuwa na kipaji kweli si wangempa? Naona unamkuza mtu aliyeshindwa.

JIBU: Ndugu yangu nashukuru umesema ulichonacho moyoni, na mimi nitasema changu, sikubaliani na wewe hata kidogo na nitakwambia kwa nini.

Kwanza tuanzie alikotoka. Huyu alikuwa kijana wa miaka 19 hivi anafundisha shule moja Jagadhri, amesharudi kutoka chuo cha Yale Marekani ambako alikaa mwaka mmoja tu akaona siyo, halafu akaangalia Aradhana ya mwaka 1969 na maisha yake yakageuka palepale. Alisema mwenyewe mara nyingi kwamba alitaka kuwa Rajesh Khanna, steringi wa hiyo Aradhana, hakusema anataka kuwa mzungu kwenye picha za Wahindi, alitaka kuimba kwenye mvua na heroini kama Rajesh Khanna. Akaenda chuo cha filamu cha Pune, FTII, 1972 mpaka 1974, chini ya mwalimu Roshan Taneja, pamoja na akina Naseeruddin Shah, aliyekuja kuwa mwigizaji mkubwa sana, na Benjamin Gilani, na alimaliza na medali ya dhahabu ya uigizaji. Ya dhahabu ndugu yangu. Chuo kimoja na Naseeruddin. Sasa hapo kipaji kipo au hakipo?

Akaingia Mumbai, picha yake ya kwanza kutoka ni Charas ya Ramanand Sagar mwaka 1976, na kuanzia hapo simu zikipigwa ni kwa sababu ya ngozi. Picha za uhuru zilikuwa nyingi, Kranti ya 1981 mfano, na kila picha ya uhuru inahitaji Mwingereza mbaya wa kupanda farasi na kupiga watu mijeledi, nani aitwe? Tom. Watayarishaji walikuwa wanamwona usoni hawamsikii mdomoni. Hapa ndo penye hasira yangu, kwa sababu walikuwa na mtu anayeweza kusoma Kiurdu kuliko mastaa wao wengi, mtu anayeandikiwa mistari kwa maandishi ya Kiurdu akaisoma, na wakawa wanamtaka aongee Kihindi kilichovunjika ili watazamaji waamini ni mgeni! Aliwekewa lafudhi ya mtu asiyejua lugha ambayo ni yake.

Kuna tamthilia ya kuchekesha iliitwa Zabaan Sambhalke, ilirushwa Doordarshan, televisheni ya taifa ya India, kuanzia 1993, mwalimu wake Pankaj Kapur, darasa la watu wanaojifunza Kihindi. Tom humo ni Charles Spencer, Mwingereza anayehangaika na Kihindi. Wenye lugha wanajua kazi iliyopo pale, kukosea kwa makusudi na kwa mpangilio, kosa liwe la Mwingereza na lisiwe la Mtamil au la Mzaramo, na likukute limekaa mahali ambapo mcheko unatakiwa, ukikosea hovyo hovyo haichekeshi. Anayeweza kufanya hivyo ni yule anayeijua lugha mpaka kwenye mifupa. Mi nilicheka na wakati huo huo nikaumia.

Halafu siyo kweli kwamba ni ofisa tu kila mara. Nenda kaangalie Parinda ya 1989, yeye ni Musa, mkubwa wa genge la wahalifu Bombay, hakuna Uingereza pale, hakuna mtu anayeuliza mbona mweupe, ni Musa basi. Na mwaka 1993 ikaanza tamthilia ya Junoon, ikaenda mpaka 1998, humo alikuwa Keshav Kalsi, jambazi, na India nzima ikamwita Keshav Kalsi barabarani. Miaka mitano. Kwa hiyo walipompa mtu wa kucheza badala ya sare ya kuvaa, alicheza. Angalia hata alipopewa sare akapewa na mtu ndani yake, Lord Mountbatten kwenye Sardar ya Ketan Mehta, 1993 hiyo hiyo, unamwona gavana mkuu anayejua kwamba ana haraka na anajua haraka yake itaumiza watu.

Na ambacho wewe hujakiona, kwa sababu wengi wetu tulio mbali tusingekiona, ni steji. Mwishoni mwa miaka ya 70 yeye, Naseeruddin na Gilani walianzisha kundi lao la maigizo la Motley. Baadaye kule Delhi akacheza igizo la mtu mmoja la Maulana Azad, la mwandishi M. Sayeed Alam. Azad ni yule mwanachuoni aliyezaliwa Makka, mpigania uhuru, waziri wa kwanza wa elimu wa India huru, mtu ambaye Kiurdu chake kilikuwa kama cha kuandikwa hata akiwa anaongea tu. Na anayemcheza ni huyu huyu mzungu wa dakika tano, kavaa sherwani na kofia na kidevu cha ndevu nyeupe, kakaa peke yake zaidi ya saa mbili anaongea Kiurdu cha juu kabisa mbele ya watu wa Delhi ambao kosa moja tu la matamshi wangelishika, na hawakulishika. Walirudi mwaka hadi mwaka kumwona. Alimcheza na Mirza Ghalib pia, mshairi mwenyewe. Sasa niambie steringi gani wa miaka ile angekaa saa mbili stejini peke yake na Kiurdu cha Azad mdomoni? Nawapenda mastaa wetu wote lakini wawili watatu tu hao.

Serikali ya India ilimpa nishani ya Padma Shri mwaka 2008. Kwa hiyo aliyeshindwa mi simwoni. Ninachokiona ni tasnia iliyokuwa na mtu adimu mkononi na ikamtumia robo yake.

SWALI: Eti ni kweli wale wazungu wanaocheza nyuma kwenye sini za disko na harusi huwa wanaokotwa tu barabarani?

JIBU: Ni kweli, kwa sehemu kubwa. Mawakala walikuwa wanazunguka mtaa wa Colaba kusini mwa Mumbai ambako watalii wenye mabegi mgongoni wanafikia, wanawauliza mnataka kuonekana kwenye picha kesho, dau lililotajwa kwa miaka mingi ni rupia 500 kwa siku na chakula. Hawahitaji kuongea, wanajaza ukumbi. Ndo maana ukiwaangalia vizuri wengine wanatazama kamera. Ila kwa nafasi za maana mambo yalibadilika miaka ya 2000, Lagaan ilileta Paul Blackthorne na Rachel Shelley kutoka Uingereza, Mangal Pandey ikaja na Toby Stephens, Rang De Basanti ikaja na Alice Patten, watu waliofundishwa mistari ya Kihindi kwa ajili ya picha moja na kisha wanarudi kwao. Wamefanya vizuri, simnyimi mtu haki yake, hasa Blackthorne, unamchukia mpaka mwisho. Ila kumbuka zile nafasi zingekuwa za akina Tom miaka ya nyuma.

SWALI: Mzee mimi nina miaka 23, naigiza, nimepata nafasi nne mpaka sasa na zote ni za mstari mmoja, mlinzi, dereva, jirani, dereva tena. Nyumbani wananiambia niache. Je mtu anaweza kuishi kwa nafasi ndogo ndogo maisha yake yote? Huyo Alter wenu alikuwa anakula nini?

JIBU: Swali zuri sana hili mwanangu na nalijibu kwa urefu kwa sababu watu wakisimulia habari za waigizaji wanaruka kabisa hili la kula.

Huwa zinatajwa picha zaidi ya 300 kwa jina lake. Ukisikia hivyo unadhani ni utajiri, lakini nafasi ndogo hulipwa kwa siku za kazi, na siku zenyewe ni chache, nne hapa, mbili kule, kwa hiyo lazima uwe kwenye picha nyingi kwa mkupuo ili mwaka ukae sawa. Kwa hiyo sifa ya kwanza ya mwigizaji wa nafasi ndogo ni kuaminika, unaitwa saa kumi na mbili asubuhi uko pale saa kumi na moja na nusu, mistari iko kichwani, umeshapita kwa mtu wa mavazi. Steringi akichelewa saa tano seti inamsubiri, dereva akichelewa anatafutwa dereva mwingine, basi, na jina lako limetoka kwenye kitabu cha msaidizi wa mwongozaji, na huyo msaidizi kesho kutwa ndo mwongozaji.

La pili Tom hakuwahi kutegemea sinema peke yake. Televisheni ilimpa kazi ya kudumu, na mtu akiwa kwenye tamthilia ya miaka mitano ana uhakika wa mwezi, sinema haikupi hicho. Alikuwa anaandika pia, habari za kriketi kwa miaka mingi magazetini, na vitabu akaandika. Kriketi alikuwa anaipenda kupita kiasi. Mwaka 1989 ndo aliyekwenda na maikrofoni kumhoji kijana wa miaka 15 aliyekuwa bado hajachezea timu ya taifa, Sachin Tendulkar, aliyekuja kuwa gwiji wa kriketi, na yale ndo mahojiano ya kwanza ya Sachin kwenye video, yapo mpaka leo unaweza kuyaona, Tom anamuuliza taratibu kama mtu mzima anavyomuuliza mtoto wa jirani na mtoto anajibu kwa aibu, mwaka huo huo mtoto yuko Karachi na timu ya India. Huyo mhoji hakuwa anapoteza muda kati ya picha na picha, ile nayo ilikuwa kazi yake.

La tatu ndo steji, na hapa nikuombe unisikilize vizuri. Mstari mmoja wa dereva hauwezi kukukuza. Hauna kitu cha kukukuza, umesema bosi tumefika na imeisha. Ukikaa miaka kumi na hiyo mistari peke yake unakauka, siyo kosa lako. Tom alikuwa na mahali pengine pa kufanyia kazi nzito, usiku anaubeba ukumbi mzima, mchana anakwenda kuwa kapteni wa dakika tano, na ile dakika tano inakuja na uzito wa usiku. Hata alipomaliza kazi na Attenborough kama mwigizaji mwenzake kwa Ray, miaka mitano baadaye Attenborough akarudi India kama mwongozaji wa Gandhi na Tom alipata nafasi humo, daktari pale Aga Khan Palace alikofungwa Gandhi, kidogo tu, unaweza ukapepesa macho ukaikosa. Alikwenda akaicheza. Kwa hiyo tafuta kundi la maigizo, hata la watu watano, hata la bure, mradi kila wiki kuna mahali unapewa kitu kigumu.

Na dereva wako mpe kitu. Simaanishi uongeze mistari, mwongozaji atakufukuza. Namaanisha ujue katoka wapi asubuhi hiyo na anamwonaje bosi wake, halafu usimwonyeshe mtu, fungua mlango tu. Waongozaji wazuri wanaona.

Kuhusu nyumbani siwezi kukuamulia. Ila usiwaambie utakuwa staa, waambie una kazi gani nyingine ya pembeni na kodi inalipwaje, hayo ndo wanayotaka kuyasikia.

SWALI: Bado yupo hai? Na tuanze na picha ipi?

JIBU: Hayupo tena. Alifariki Mumbai tarehe 29 Septemba 2017 kwa saratani ya ngozi, akiwa na miaka 67, na alikuwa anafanya kazi mpaka karibu kabisa na mwisho.

Kuanza, anza na Shatranj Ke Khilari kwa sababu ya ile sini ya ofisini niliyoisema, halafu Parinda, halafu Sardar ukiwa na muda manake ni ndefu na ya siasa. Veer-Zaara ya 2004 yumo pia, daktari Yusuf, wengi mmeiona mara kumi na hamkumwona. Kranti iacheni mwisho, tena muiangalie kwa ajili ya nyimbo. Igizo la Maulana Azad vipande vyake vipo mtandaoni, Kiurdu chake ni kigumu kweli na kama hujui lugha hutashika maneno yote, lakini kaa nalo dakika kumi hivi, angalia mikono anavyoitumia na sauti anavyoishusha kila anapomtaja Gandhi. Na wale wa kijiweni waliobishana kuhusu Bob Christo, Mr. India ipo, sini yenyewe iko nusu ya pili.